Kanisa la mbao juu ya mawe ya volkano: shajara ya ukarabati, Juni 2021 hadi Mei 2022

Shajara hii ninaiandika kwa ajili ya wenye kanisa la mbao, shule ya mbao au nyumba ya mbao katika upande wetu huu wa Goma, ambao wanashauriwa kila siku kubomoa na kujenga upya kwa matofali ya saruji. Kanisa letu liko kijijini, kando ya barabara inayotoka Goma kwenda Sake. Lina urefu wa mita 14 na upana wa mita 6 na nusu, limesimama juu ya nguzo 12, sita kila upande, na kuta zake ni mbao tupu tangu chini hadi kwenye paa. Wazee wanalikumbuka tangu kabla ya uhuru wa 1960. Si mbali na hapo ndipo ilipopita lava ya volkano ya Nyamulagira iliyoanza kutoka 1938 na kuendelea hadi 1940, ikafika hadi ziwani karibu na Sake. Kwa hiyo wajenga kanisa walijua vema wanajenga juu ya ardhi ya namna gani.

Nilirudi kuliangalia kanisa hili kwa sababu ya uchungu. Nyiragongo ilipolipuka usiku wa tarehe 22 Mei 2021, na siku tano baadaye tukaamriwa kuhama sehemu kubwa ya mji wa Goma, maelfu ya watu walielekea Sake kwa miguu, kwa pikipiki na kwa malori. Sisi tulilala ndani ya kanisa hili, familia yangu pamoja na nyingine nyingi, tukiwa tumelaza watoto katikati ya mabenchi. Ardhi ilikuwa ikitetemeka mchana na usiku. Kila tetemeko lilipopita, mbao zililia kutoka altareni hadi mlangoni, kisha zikanyamaza, na hakuna ubao hata mmoja uliotuangukia. Asubuhi niliona ukuta wa upande wa ziwa umeinama kwenda nje, na nikaahidi mbele ya katekista kwamba nitausimamisha.

Jumamosi, 12 Juni 2021: kupima

Salongo ya leo, yaani kazi ya pamoja ya kujitolea, ilikuwa ya kusafisha na kupima tu. Kwa timazi, ukuta wa kusini umeinama sentimita 11 katika kimo cha mita 3. Ukuta wa kaskazini umenyooka karibu kabisa. Sote tulikubaliana kwamba ni matetemeko ya mwezi uliopita yaliyousukuma, nami nikachora mpango wa kuutegemeza kwa nguzo tatu za zege kutoka nje. Nilinunua mifuko sita ya saruji kwa dola 72.

Ninayaandika haya kwanza kwa sababu mpango huo ulikuwa kosa, na laiti tungeutekeleza, tungeliua kanisa kwa mikono yetu wenyewe.

Jumamosi, 26 Juni 2021: kufungua miguu ya nguzo

Tulibandua mbao za chini za ukuta wa kusini ili kupata nafasi ya kumwaga zege, na hapo ndipo tulipouona ugonjwa wenyewe. Zamani nguzo zilikuwa zimekaa juu ya mawe meusi ya volkano yaliyochongwa bapa, zikiwa zimeinuliwa kama kiganja kimoja kutoka ardhini. Lakini wakati fulani, miaka mingi baada ya ujenzi, watu wenye nia njema waliona mawe hayo kama umaskini, wakamwaga zege kuzunguka miguu ya nguzo ili kuiimarisha. Zege hilo limekuwa bakuli. Maji ya mvua yanayoteremka kwenye nguzo huingia kati ya mti na zege, yakakosa pa kutokea, na mti unabaki na unyevu hata katikati ya kiangazi. Niliingiza bisibisi kwenye nguzo ya nne kutoka mlangoni, ikazama hadi mpini bila nguvu yoyote. Nilipoitoa, ilikuja na unga wa kahawia uliokuwa na baridi na harufu ya uyoga.

Nguzo nane zimezungukwa na zege, na saba kati yake zimeoza. Ya nane ni ile iliyo karibu na mlango, ambapo paa la baraza huizuia mvua isiufikie mguu wake. Nguzo nne ambazo hazikuguswa na zege zote ni nzima. Ukizigonga kwa nyundo zinalia kama mti mkavu unavyopaswa kulia. Sikuhitaji ushahidi mwingine. Matetemeko hayakuinamisha ukuta. Ukuta ulikuwa umeshuka kidogo kidogo juu ya miguu iliyooza, na matetemeko yalituonyesha tu.

Jambo hili si geni katika historia ya makanisa ya mbao. Huko Norwei, makanisa ya kale kabisa yalijengwa kwa nguzo zilizofukiwa ardhini, yakaoza na kutoweka, hata leo wachimbaji huona mashimo ya nguzo hizo tu. Yaliyodumu ni yale ambayo waliofuata waliyajenga juu ya boriti za chini zilizolazwa kwenye mawe, kama kanisa la Borgund, ambalo miti yake ilikatwa karibu na mwaka 1180 na ambalo lingali limesimama. Karne nane na zaidi, katika nchi ya mvua na theluji, kwa sababu mti umetenganishwa na udongo na unaachiwa nafasi ya kukauka. Waliojenga kanisa letu walifuata kanuni hiyohiyo, na zege letu ndilo lililoivunja.

Mifuko ya saruji niliiuza kwa dola 66. Hasara: dola 6.

Jumamosi, 17 Julai 2021: kununua mbao

Kabla ya kununua tulichunguza mbao za zamani, maana zinaeleza jinsi zilivyotengenezwa. Mbao za kwanza zina alama za msumeno zilizonyooka, zenye mshazari mdogo, na nafasi kati ya alama moja na nyingine si sawa: huo ni msumeno mrefu wa watu wawili, mmoja juu ya gogo na mwingine chini. Mbao zilizobadilishwa baadaye zina alama za duara za mashine, au mikwaruzo mikubwa ya msumeno wa injini. Kwa njia hiyo tuliweza kuhesabu kwamba karibu theluthi mbili za ukuta wa kaskazini bado ni mbao za asili. Mzee mmoja wa shirika letu, yaani jumuiya yetu ndogo ya waamini, ambaye katika ujana wake alikuwa mpasuaji mbao, alipitisha vidole juu ya alama hizo, akaniambia: «Mtoto wangu, hapa yule wa chini alikuwa amechoka. Angalia namna msumeno unavyovuta upande mmoja.» Nilimuuliza: «Papa, wewe unajuaje kama ni wa chini?» Akajibu kwamba wa chini ndiye mwenye unga machoni, na anayefumba macho huvuta kwa kubahatisha.

Paa pia linasimulia. Limesimama wima sana, karibu nyuzi 45, na fito za juu zina michubuko ya kamba kila baada ya kiganja. Bati halihitaji mwinuko wa namna hiyo wala fito za karibu hivyo; nyasi ndizo zinazohitaji. Kanisa liliezekwa kwa nyasi kwanza, manjanja, yaani mabati, yakaja baadaye.

Kwa kuta tulichagua mikaratusi iliyopandwa na watu katika mashamba ya Masisi, na muuzaji alituonyesha shamba lenyewe. Nilisisitiza jambo hili kwa sababu kila mtu hapa anajua ni kiasi gani cha msitu wa Virunga kilichokatwa tangu wakimbizi walipofika kwa wingi mwaka 1994, na haifai nyumba ya Mungu ijengwe kwa mti ulioibwa katika hifadhi. Mbao 120 za mita 4, dola 3 na nusu kila moja: dola 420. Lori hadi barabarani na chukudu, ile baiskeli ya mbao ya kusukuma, hadi kanisani: dola 55. Vijana wa chukudu walibeba mbao kumi kumi, wakiteremka juu ya mawe makali kwa ustadi ambao dereva wa lori hana.

Mbao zilikuwa mbichi. Nilijua, lakini nilifikiri jua la Julai na Agosti litatosha.

Jumamosi, 21 Agosti 2021: hasara ya mbao 47

Jua lilitosha kuharibu. Tulizipanga mbao uwanjani zikiwa zimelaliana, bila vijiti kati yake, nazo zikapigwa na jua upande wa juu na kubaki na maji upande wa chini. Leo nimezipanga moja moja juu ya benchi na kuzitazama kwa jicho moja kutoka mwishoni: 47 zimejikunja kama ulimi wa ng'ombe au zimepasuka kutoka nchani kwa zaidi ya sentimita 40. Ni dola 164 na nusu zilizopotea, ingawa tumezitumia mbao hizo kutengeneza jukwaa la kupandia.

Mkaratusi unaokua haraka una mvutano mkubwa ndani yake, na unapopasuliwa mvutano huo hutafuta pa kutokea. Mbao zinazokatwa karibu na moyo wa gogo ndizo mbaya kuliko zote. Anayetaka kufuata kazi hii na afanye hivi, kama tulivyofanya kwa zile 73 zilizobaki. Tulizihamishia kivulini nyuma ya kanisa, juu ya mawe, zikiwa mbali na ardhi. Kati ya safu na safu tuliweka vijiti vya unene wa sentimita 2 na nusu, kila baada ya sentimita 60, kijiti juu ya kijiti kwa mstari ulionyooka ili uzito usiukunje ubao. Ncha zote tulizipaka rangi ya mafuta iliyobaki kwa jirani, kwa sababu maji hutoka nchani haraka kuliko ubavuni na hapo ndipo mpasuko unapoanzia. Juu ya yote tuliweka mawe mazito. Ubao mmoja wa majaribio, ambao tulikuwa tumeupima kwa mizani ya sokoni siku ulipofika, ulikuwa na kilo 15 na nusu; tutaendelea kuupima hadi uache kupungua.

Kwa kazi isiyoweza kungoja tulinunua Goma mbao 50 kavu za mkaratusi kwa dola 250, na kwa ajili ya miguu ya nguzo madriye 9, yaani mbao nene, za mti wa libuyu kwa dola 162.

Jumamosi, 11 Septemba 2021: mfereji na mazuku

Mvua zimeanza. Ili maji ya paa yasirudi kwenye miguu ya nguzo tulianza kuchimba mfereji upande wa chini, kuelekea kwenye kibonde kilicho hatua 30 kutoka kanisani. Kuchimba ni neno kubwa. Kwenye lava ni kupasua kwa nyundo na mtalimbo, na vijana sita walipata mita 4 kwa siku.

Siku ya tatu vijana wawili walitangulia mapema, kabla ya jua kutoka, wakateremka kibondeni kuanza kazi kutoka mwisho wa chini. Mmoja alipoinama kuokota mtalimbo, magoti yalimlegea na kichwa kikazunguka. Mwenzake alimvuta kwa shati hadi juu. Walipoangalia vizuri waliona mijusi miwili iliyokufa na kuku wa jirani amelala ubavu. Ni mazuku. Sisi tuliokulia kati ya Goma na Sake tunafahamu jina hilo tangu utoto: ni hewa ya kaboni dioksidi inayopenya kutoka ardhini kupitia nyufa za volkano, na kwa kuwa ni nzito kuliko hewa tunayopumua, hujaa mabondeni kama maji, hasa alfajiri wakati hakuna upepo. Haionekani. Huoni kwamba unazama.

Kijana alipona baada ya saa moja. Lakini kosa lilikuwa langu, kwa sababu nilielekeza mfereji kibondeni bila kuwauliza akina mama wanaolima pale, ambao wote walikuwa wakijua na kamwe hawateremki huko kabla ya saa nne ya asubuhi. Tumeugeuza mfereji kuelekea mashariki, kwenye ufa mpana wa lava ambao hunywa maji yote, na tumezungushia kibonde ua wa miti yenye kitambaa chekundu. Chakula cha salongo kwa mfereji na mawe: dola 60.

Neno moja juu ya maji ya paa. Katekista alitaka tuweke pipa la kuyavuna kwa kunywa. Nilimwomba tusifanye hivyo, kwa sababu mvua inayopita katika moshi wa Nyiragongo na Nyamulagira hushuka na asidi na floridi, na meno yenye madoa ya watoto wengi wa upande huu yanatokana na maji hayo. Pipa limewekwa, lakini ni la kazi ya ujenzi na kuosha sakafu.

Jumamosi, 9 Oktoba 2021: kuinua ukuta

Mara ya kwanza tulikosea. Tulikuwa na jeki mbili, ambazo madereva wetu huziita kriki, tukaziweka zote chini ya nguzo ya nne, iliyoshuka kuliko nyingine, kwa sababu ndiyo iliyotuuma machoni. Ilipanda sentimita 2, kisha tukasikia mlio mkali juu ya vichwa vyetu, kama tawi kavu linavyovunjika. Boriti ya juu ilipasuka kwa urefu wa sentimita 70 kutoka kwenye ulimi wake, yaani ncha inayoingia kwenye tundu. Boriti hiyo ilikuwa imeshuka pamoja na nguzo zote kwa miaka mingi na ilikwisha kuzoea mkunjo huo. Sisi tulitaka kuunyoosha kwa mchana mmoja, tena katika sehemu moja tu.

Tuliteremsha, tukafunga mpasuko kwa mbao mbili za libuyu, moja kila ubavu, kwa boliti nne, na tukasimamisha kazi kwa wiki mbili ili kufikiri.

Wakati huo nilisoma jinsi walivyolitengeneza kanisa la Kizhi huko Urusi, lile la magogo lenye kuba 22, lililojengwa 1714 kwenye kisiwa cha ziwa Onega. Hawakulibomoa. Waliligawa kwa safu, wakaziinua safu za juu na kuzishikilia hewani huku safu ya chini ikitolewa, kutengenezwa na kurudishwa, na kazi hiyo ikakamilika 2020. Sisi hatuna vyuma vyao, lakini wazo lilikuwa wazi: jengo lote liinuke pamoja, polepole, na lishikiliwe wakati miguu inabadilishwa.

Madereva wa malori wa Sake walituazima kriki nyingine nne bila malipo. Tuliweka moja kando ya kila nguzo ya kusini, juu ya ubao mnene ili uzito uenee kwenye mawe. Mtu mmoja alisimama kwenye kila kriki, na fundi mkuu akapiga kipande cha chuma: kila mlio ni robo ya mzunguko, wote kwa pamoja, kisha kimya. Baada ya kila milimita 3 tuligongomea kabari chini ya boriti, ili kriki ikiteleza jengo lisianguke, na tukapima usawa kwa mpira mrefu wa plastiki uliojazwa maji, ambao kwa umbali wa mita 14 ni wa kuaminika kuliko pimamaji yoyote. Sentimita moja kwa siku, si zaidi. Usiku mti unapumzika na kulia peke yake. Siku ya tisa nguzo ya nne ilikuwa imepanda sentimita 9 na ukuta ulikuwa umerudi kwenye timazi, isipokuwa sentimita 1 ambayo tuliamua kuiacha kwa sababu boriti ya juu haikutaka tena.

Zege lilivunjwa lote, hata lile la nguzo nzima iliyo mlangoni. Kila mguu uliooza ulikatwa hadi kwenye mti mkavu, na mguu mpya wa libuyu ukaungwa kwa mshazari wa sentimita 45, yaani mara tatu ya unene wa nguzo, ukapitishiwa boliti mbili. Chini yake tulirudisha mawe yaleyale ya zamani, tukiwa tumeyachonga juu yateremke kidogo upande wa nje ili tone la maji lisikae. Kati ya jiwe na mti tuliweka kipande cha bati kilichokunjwa kingo kwenda chini, kwa ajili ya mchwa. Mafundi wawili kwa siku 11: dola 176. Boliti 18, pamoja na zile nne za boriti: dola 27.

Jumamosi, 13 Novemba 2021: alama za tindo

Ilibaki kurudisha mikono ya mshazari inayofunga nguzo na boriti ya juu, ambayo tulikuwa tumeitoa ili kuinua. Miwili ilikataa kuingia. Fundi aliamini kwamba nguzo zimesogea, nami nikamruhusu apunguze kila mkono kwa sentimita 2. Iliingia, lakini ikawa inacheza kama jino la mzee.

Jioni ile, mtoto mmoja aliyekuwa akitushikia taa aliuliza kwa nini nguzo zina mikwaruzo inayofanana na namba za saa. Nilisogea. Kwenye ubavu wa ndani, mahali palipofunikwa na mbao, mchongaji alikuwa amekata kwa tindo: VII. Kwenye mkono wa mshazari, karibu na ulimi wake, alama hiyohiyo, ndogo, mistari imekatwa kwa pigo moja moja safi. Tuliosha nguzo zote kwa brashi. Zina namba kuanzia I hadi XII, na kila mkono una namba ya nguzo yake. Kwa hiyo wajenzi waliukata mfumo wote chini, uwanjani, wakajaribu kila kiungo, wakakipa namba, kisha wakausimamisha. Kila ulimi ulichongwa kwa ajili ya tundu moja tu, na sisi tulikuwa tumebadilishana VII na VIII.

Ile mikono miwili tuliyoipunguza imebidi iongezwe kwa kuunga vipande nchani, na viraka hivyo vitaonekana maisha yote ya kanisa. Anayefungua jengo la zamani la mbao na aoshe kila kiungo na kutafuta alama kabla ya kugusa msumeno. Tumeongeza alama zetu kwa rangi nyeupe, na tumepiga picha nguzo zote 12.

Jumamosi, 15 Januari 2022: manjanja

Kati ya manjanja 80 ya paa, 46 yalikuwa yameliwa na kutu, hasa upande unaopokea moshi wa volkano. Tulinunua yaliyo mazito zaidi, dola 12 kila moja, jumla dola 552, ingawa wengi walitaka yale ya dola 7; mvua yenye asidi hutoboa bati jembamba upesi, na bei ya kupanda paani mara mbili ni kubwa kuliko tofauti hiyo. Misumari: dola 38.

Mvua ya kwanza ilivuja sehemu 19. Misumari tuliyouziwa haikuwa na mpira chini ya kofia. Mafundi waliirudia yote kwa kukata viduara kutoka mpira wa ndani wa tairi la lori, na mvua ya pili ilivuja sehemu 2 tu, ambazo zilikuwa kwenye mwisho wa paa karibu na msalaba.

Jumamosi, 19 Machi 2022: kuta na sakafu

Ubao wa majaribio uliacha kupungua mwezi Desemba ukiwa na kilo 11. Mbao 73 zilizokaushwa kivulini zimebaki zimenyooka isipokuwa 5. Kila tundu la msumari lilitobolewa kwa keekee kwanza, kwa sababu mkaratusi mkavu hupasuka ukipigiliwa, na kila ubao umepishana na wa chini yake kwa sentimita 3 bila kupigiliwa pamoja nao, ili uweze kupanuka masika na kunywea kiangazi. Mbao za mwisho chini zimeachwa sentimita 20 juu ya mawe. Baadhi ya waamini hawapendi kuona mwanga na kuku wakipita chini ya kanisa lao. Nimewaeleza mara nyingi kwamba uwazi huo ndio uhai wake.

Mafuta machafu ya injini, yale ya vidanje, tumeyapaka nje tu, kwenye mbao tatu za chini, tena baada ya mti kukauka kabisa. Ndani hapana, kwa ajili ya mishumaa na kwa ajili ya vifua vya watoto. Mafuta na brashi: dola 30. Mafundi kwa kazi za viungo, paa na kuta, siku 30: dola 240.

Jumamosi, 28 Mei 2022: ukaguzi baada ya masika

Misa ya kesha la Pasaka, tarehe 16 Aprili, iliadhimishwa ndani, na mvua kubwa ilinyesha tangu moto ulipobarikiwa hadi komunyo. Nilikaa karibu na nguzo ya nne.

Leo tumekagua miguu yote kwa bisibisi na kwa kiganja. Libuyu ni kavu, mawe ni makavu isipokuwa lile la pembeni mwa sakristia, ambapo mfereji ulikuwa umezibwa na majani. Nguzo ya sita imeshuka milimita 4, tumeirudisha kwa kabari nyembamba. Mpasuko wa boriti ya juu haujaongezeka. Mstari wa penseli niliouchora mwisho wake mwezi Oktoba bado uko pale pale.

Matumizi yote, pamoja na hasara ya saruji, ni dola 2,016, zilizochangwa na mashirika ya kijiji na watoto wa kijiji wanaokaa Goma. Iliyobaki ni nguzo ya kengele, ambayo mguu wake nao umo ndani ya zege. Tutaufungua kiangazi hiki. Ukaguzi unaofuata ni Septemba, mvua zinapoanza. Kabari sita za akiba, timazi na mpira wa maji vimetundikwa kwenye msumari nyuma ya mlango wa sakristia, na ufunguo uko kwa Mama Katekista.